Maswali na Majibu: Muislamu Mlangoni mwa Kanisa, Mgeni Mlangoni mwa Msikiti

Barua za safari hii zimezunguka jambo moja: Muislamu na kanisa, Mkristo na msikiti. Zilizofanana tumeziunganisha. Pale wanazuoni walipokubaliana tumesema hivyo, na pale walipokhitilafiana tumetaja nani kasema nini, kwani ugomvi mwingi majumbani huanza mtu akisikia kauli moja akadhani ndiyo dini nzima. Wasomaji wetu wengi ni Mashafi (wafuasi wa madhehebu ya Imamu Shafi), kwa hiyo huko ndiko tunakoanzia.

SWALI: Assalaam alaykum. Mwenzangu wa kazini, ambaye tumekaa meza moja miaka 11, anafunga ndoa Jumamosi katika kanisa Katoliki. Kadi amenipa mkononi. Mume wangu anasema Muislamu akikanyaga kanisani imani inamtoka, niende ukumbini tu jioni. Kauli hiyo ina msingi? (Mama wa watoto 3, Tanga)

JIBU: Wa alaykumus salaam, dada yetu. Kwamba imani inamtoka mtu kwa kuingia tu, hilo halimo katika Qur'ani wala Hadithi. Sura Al-Hajj, aya ya 40, inayataja mahekalu ya watawa, makanisa, masinagogi na misikiti kwa pamoja, na kusema kwamba lau Mwenyezi Mungu asingewakinga watu wao kwa wao, nyumba hizo zingevunjwa. Imamu Bukhari naye, katika Sahihi yake, yaani mkusanyiko wake wa Hadithi, ana mlango mzima unaohusu kuswali kanisani. Humo ameleta kauli ya Sayyidna Umar bin Khattab kwamba wao hawaingii makanisani kwa sababu ya masanamu yenye sura, kisha akaeleza kuwa Ibn Abbas alikuwa akiswali kanisani isipokuwa lile lenye masanamu. Kauli zote mbili zinalaumu sura. Jengo lenyewe halikulaumiwa.

Hata hivyo mumeo naye ana pa kusimama. Vitabu vya Kishafi vinaweka masharti 2: uingie kwa idhini ya wenyewe, na pasiwe na sanamu au picha zinazotukuzwa. Katika madhehebu mengine, Mahanafi wengi wanaona kuingia ni makuruhu (jambo lisilopendeza kisheria). Mahanbali ni wepesi zaidi, na Ibn Qudama katika Al-Mughni anaruhusu hata kuswali ndani ya kanisa lililo safi. Sasa, kanisa Katoliki kwa kawaida lina msalaba wenye sanamu ya Yesu, sanamu ya Bikira Maria, na ukutani picha 14 za Njia ya Msalaba. Anayeshika Ushafi sawasawa haingii humo, wala hajamtukana mtu. Kanisa la Kilutheri au la Kipentekoste lenye msalaba mtupu jambo lake ni jepesi zaidi.

Kwa kuwa nyumbani kuna neno, sisi tungekushauri usiingie, lakini usisubiri mpaka jioni pia. Misa ya ndoa huchukua kama saa 1 na nusu hadi 2. Fika inapokaribia kwisha, ukae uwanjani. Maharusi wakitoka wanasimama ngazini kupigwa picha, na hapo ndipo watu wanapowakumbatia na kuwapongeza, mwenzako atakuona. Mwambie siku 2 au 3 kabla, kwa maneno ya kawaida: "Nitakuwa nje mlangoni, nikupokee ukitoka." Kinachoumiza watu ni kiti kitupu ambacho hakikuelezwa.

Walioifuata kauli nyepesi na wataingia, wazingatie haya. Kaa benchi za nyuma, mwisho wa benchi upande wa ukutani. Kusimama bibi harusi akiingia ni heshima ya kawaida kwa mtu. Kupiga magoti, ishara ya msalaba, kuchovya kidole katika maji ya baraka mlangoni, kuimba na kuitikia sala ni ibada, kwa hiyo usifanye. Kaa kimya, mikono mapajani. Watu huteleza zaidi wakati wa komunyo, yaani waumini wanapokwenda mbele kupokea mkate uliobarikiwa, kwa sababu wahudumu huwainua watu benchi kwa benchi, na mgeni hujikuta yumo kwenye foleni bila kujua. Benchi lako likiinuliwa, geuza magoti upande mmoja wengine wapite, ubaki umekaa. Usiende hata na mikono kifuani ukidhani unakwepa, maana kwa wengi hiyo ni alama ya kuomba baraka ya padri. Hakuna atakayekushangaa: komunyo ni ya Wakatoliki walioandaliwa, na hata miongoni mwao wapo wanaobaki benchini. Kikapu cha sadaka kikipita, kipitishe kwa jirani yako. Zawadi yako ni ya maharusi, na mahali pake ni ukumbini.

Na huko ukumbini ambako mumeo anakuona uko salama, angalia meza. Kukaa meza inayozungushwa pombe kumekatazwa kwa Hadithi, na kwetu sisi hilo ni zito kuliko kuta za kanisa. Mwambie mapema anayepanga viti.

SWALI: Kanisani kwenye harusi mlinzi aliniambia nivue kofia. Nilihisi ninavuliwa Uislamu mbele za watu. Nilikataa, nikaondoka. (Msomaji, Likoni)

JIBU: Kofia ni pambo na ada njema, si faradhi; hata swala inasihi (inasimama kisheria) bila kofia. Kwa Wakristo, mwanamume kuvua kofia ndani ya ibada ni agizo lililomo katika Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho, sura ya 11, kwa hiyo mlinzi angemwambia vivyo hivyo Mkristo mwenye pama. Sisi tunamwambia mgeni avue viatu, naye anavua. Ukiamua kuingia, ivue kabla ya kizingiti uishike mkononi. Usipoweza, kaa nje kwa amani. Mwanamke hasumbuliwi na hili, anabaki na mtandio wake.

SWALI: Shikamooni. Nilisilimu mwaka 2014. Baba yangu, Mlutheri, amefariki mwezi uliopita huko Lushoto. Wenzangu waliniambia nisiingie kanisani wala makaburini. Nikakaa barabarani nje ya uzio hadi watu wakatawanyika. Mama hasemi nami. Nilifanya sawa? (Kijana, Korogwe)

JIBU: Marahaba, kijana wetu, na pole sana kwa kufiwa na mzee. Kanisani ulikuwa na udhuru, kwa ikhtilafu tuliyoieleza juu. Makaburini hukuwa na sababu ya kukaa mbali, na aliyekuambia hivyo amekunyima haki ambayo sheria ilikupa.

Abu Talib, ami yake Mtume (s.a.w.), alipofariki bila kusilimu, Mtume alimwamuru Ali, mwana wa Abu Talib, aende akamzike baba yake. Hadithi hiyo ameipokea Abu Dawud. Imamu Nawawi, nguzo ya madhehebu yetu, ameandika katika Al-Majmu kwamba si makuruhu Muislamu kufuata jeneza la jamaa yake asiye Muislamu. Mashafi wanaruhusu hata kumwosha na kumkafini. Na katika vitabu vya Hadithi vya Bukhari na Muslim, Mtume alisimama lilipopita jeneza la Myahudi; alipoambiwa ni Myahudi, akauliza: kwani si nafsi?

Mipaka ni 2, na iko wazi: huswali swala ya jeneza juu yake, na humwombei maghufira (msamaha wa Mungu), kwa aya ya 84 na ya 113 za Sura At-Tawba. Yaliyobaki ni wema wa mtoto kwa mzazi. Mazishi ya Kilutheri huwa na sehemu 3: ibada fupi nyumbani, ibada kanisani, na ibada kaburini. Ungeweza kuwepo nyumbani, kulibeba jeneza, kushika chepeo, kutia udongo pamoja na ndugu zako, na kusimama nyuma kidogo mchungaji anaposoma. Ungeweza hata kusoma wasifu wa marehemu, maana wasifu ni historia ya mtu: alizaliwa wapi, alisoma wapi, aliacha watoto wangapi. Pia kuna kazi ambazo msiba hauendi bila ya hizo: turubai, viti, kuni, maji, kupokea wageni. Mtoto anayeonekana akihangaika na turubai tangu alfajiri hakuna atakayemuuliza mbona hakuonekana kwaya ikiimba.

Sasa fanya hivi. Nenda Lushoto wiki hii, usitume ujumbe wa simu. Chukua mchele na sukari kama afanyavyo mtu anayekwenda kuhani, ingawa ni nyumbani kwenu. Mkalie mama chini, umwambie ulikosea kwa kukaa barabarani, na kwamba dini yako haikukuamuru hivyo. Kisha nenda kaburini. Imamu Muslim amepokea kwamba Mtume aliomba ruhusa kwa Mola wake kumwombea mama yake maghufira, hakuruhusiwa. Akaomba ruhusa ya kulizuru kaburi lake, akaruhusiwa. Ung'oe majani, utengeneze tuta, na likija suala la kujengea kaburi, toa fungu lako. Mama hahitaji usome dua ya Kikristo ili ajue ulimpenda mumewe.

SWALI: Tumsifu Yesu Kristo. Sisi ni kwaya ya watu 30 kutoka Morogoro na tutazuru Zanzibar. Tungependa kuona msikiti kwa ndani. Wengine wanasema tutafukuzwa. Tufanyeje? (Katibu wa kwaya)

JIBU: Karibuni sana Unguja. Msiba na harusi huwa tunaalikana, lakini kuingia msikitini hamjazoea kuulizia, na mmefanya vyema kuuliza.

Kwa Mashafi, asiye Muislamu anaingia msikitini kwa idhini ya Muislamu, isipokuwa Msikiti Mtakatifu wa Makka. Thumama bin Uthal, kabla hajasilimu, alifungwa kwenye nguzo ya Msikiti wa Mtume huko Madina, akawa anatazama watu wakiswali siku baada ya siku. Wanahistoria wa sira wanasimulia pia kwamba ujumbe wa Wakristo wa Najran ulipokewa katika msikiti huo huo, na ulipofika wakati wa sala yao wakaachwa wasali humo. Wamaliki wao wanakataza ila kwa haja, na huko Moroko, kwenye Umaliki, misikiti mingi haiingiwi na wageni, ukiacha ule wa Hassan II wa Casablanca wenye ziara rasmi.

Kwa hiyo ukiona kibao cha kukataza wageni katika msikiti mdogo wa Mji Mkongwe, sababu kubwa ni uzoefu wa kaptura na kamera. Ombeni siku moja kabla, kwa imamu, muadhini au kamati ya msikiti, si kwa mtembezaji wa watalii peke yake. Semeni ni watu wangapi. Thelathini kwa pamoja ni wengi kwa msikiti wa mtaani. Gawanyikeni makundi 2 au 3.

Wakati mzuri ni kati ya saa 3 na saa 5 asubuhi. Kwetu karibu na ikweta nyakati hazisogei sana: Adhuhuri huingia kama saa 6 na nusu, na kuanzia hapo hadi Isha watu hawakatiki. Ijumaa msije kabisa.

Mavazi: wanaume suruali ndefu na shati lenye mikono, wanawake gauni au kanga hadi vifundoni, mikono hadi viganja, na mtandio. Msivae fulana za kwaya zenye picha ya mtakatifu au msalaba mkubwa. Viatu vinavuliwa kabla ya kizingiti. Kosa linalorudiwa kila siku ni hili: mgeni anavua viatu vizuri, anashuka pekupeku uani kupiga picha, kisha anarudi juu ya zulia na mchanga wa nje. Ukishavua, hurudi nje. Udhu hamtakiwi kuwa nao, ila miguu iwe safi. Katika misikiti ya zamani mtaona birika la maji, na karibu yake mawe ya matumbawe yaliyopangwa mtu akanyage akitoka kutawadha, asije akachafuka tena kabla ya kufika mlangoni. Angalieni jinsi yalivyochakaa katikati.

Ndani, kidaka kilichoingia ukutani ni mihrabu, anaposimama imamu. Kinaelekea kibla, na kwa Zanzibar, Dar es Salaam na Mombasa kibla ni kaskazini karibu kamili, kwa kuwa Makka iko juu yetu moja kwa moja. Ngazi iliyo kulia mwa mihrabu ni mimbari ya hotuba. Hakuna altare, hakuna sanamu, hakuna viti. Mistari ya zulia ni safu. Mtu akiswali peke yake, piteni nyuma yake, kamwe msipite mbele yake. Hadithi imekemea hilo kwa ukali. Misahafu iliyo rafuni msiishike. Wimbo msiimbe hata mkiombwa na mtoto. Picha ya ukuta ombeni ruhusa. Ya mtu anayeswali msipige.

Dada zenu wajue kwamba misikiti mingi ya zamani visiwani haina sehemu ya wanawake kabisa, kwa hiyo wanaweza kuambiwa watazame kutoka mlangoni. Si dharau kwao kama Wakristo. Waislamu wenzao wanaambiwa vivyo hivyo.

Mkipata gari, nendeni Kizimkazi Dimbani, kusini mwa kisiwa. Jengo kwa nje ni la kawaida, bati na kuta nyeupe, na sehemu kubwa lilijengwa upya karne ya 18. Lakini ukutani penye mihrabu kuna maandishi ya Kikufi (hati ya kale ya Kiarabu) yaliyochongwa katika matumbawe, yenye tarehe ya mwaka 500 wa Hijra, yaani 1107. Na yeyote kati yenu atakayefika Muscat, Omani, Msikiti Mkuu wa Sultani Qaboos hupokea wasio Waislamu Jumamosi hadi Alhamisi, saa 2 hadi saa 5 asubuhi, na mwanamke asiye na mtandio haruhusiwi kupita.

SWALI: Sisi Waswahili wanaume 22 hivi tunaishi mji mdogo Ujerumani. Msikiti wa karibu uko kilomita 70. Mchungaji ametupa ukumbi wa kanisa kila Ijumaa, kuanzia saa 7 mchana. Je, Ijumaa inasihi? (Mwanafunzi)

JIBU: Hamko wa kwanza. Mei 2020, masharti ya korona yalipotaka watu waachane mita 1.5, msikiti wa Dar Assalam wa Berlin ulizidiwa, na kanisa la Kilutheri la Martha huko Kreuzberg likawafungulia mlango wakaswali Ijumaa humo.

Kuhusu mahali: Mtume alisema ardhi imefanywa kwake kuwa mahali pa kusujudia na kitu cha kujitwaharishia, na katika Hadithi nyingine vikatolewa makaburi na bafu. Nawawi anaona kuswali kanisani ni makuruhu. Swala inasihi, lakini mahali pengine ni bora. Basi chukueni ukumbi wa mikutano, msichukue kanisa lenyewe. Kuna na sababu ya pili: makanisa mengi ya kale ya Ulaya yana watu waliozikwa chini ya sakafu, majina yao yamechongwa kwenye mawe mnayokanyaga.

Idadi ndiyo ngumu. Shafi anataka wanaume 40 waliobaleghe walio wenyeji wa kudumu, na mwanafunzi anayepanga kurudi kwao hahesabiwi. Maliki anataka 12 mbali na imamu, na iswaliwe msikitini. Kwa Abu Hanifa wanatosha 3 na imamu. Ninyi 22 mnaweza kufuata Hanafi, na aliye na wasiwasi aswali Adhuhuri baadaye kwa ihtiyati (tahadhari). Mjadala huo mnaujua tangu nyumbani. Msiuache uwagawe mkiwa 22.

Wakati: Desemba Alasiri huko huingia karibu na saa 8 mchana, na majira ya joto, saa zikishasogezwa mbele, Adhuhuri huingia baada ya saa 7. Kwa hiyo hotuba iwe fupi, dakika 10 hadi 12, na ratiba ibandikwe mwezi kwa mwezi.

Kibla: kutoka Berlin ni nyuzi kama 137, yaani kusini-mashariki. Makanisa ya zamani mengi yamejengwa altare ikiwa mashariki, kwa hiyo mkielekea kibla altare itakuwa kushoto mbele yenu. Mtu akijipanga kwa kufuata ukuta amekosea nyuzi nyingi. Dira ya simu huyumba karibu na viti vya chuma na mabomba ya joto; pimeni katikati ya chumba, mara 3, kisha tieni alama kwa utepe wa karatasi unaobanduka bila kung'oa rangi. Safu na safu ziachane sentimita 120.

Twahara: ukumbi huo huingia watu na mbwa wao. Kwa Mashafi najisi ya mbwa huhama kukiwa na majimaji, na siku za theluji kila kitu ni maji. Tandikeni turubai jepesi la plastiki, juu yake mikeka yenu wenyewe. Penye doa la mvinyo paosheni. Picha ya ukutani iliyo upande wa kibla ombeni kuifunika kwa shuka, na mwisho shuka itoke, msiiteremshe ninyi.

Kinachovunja mapatano haya mara nyingi ni maji. Watu 22 wakiinua miguu kwenye sinki la kunawia mikono, sakafu inalowa, mtunza jengo anateleza, barua inaandikwa. Tawadheni nyumbani. Anayevaa khufu (soksi za ngozi) zenye masharti yake apanguse juu yake, siku 1 kwa mkazi. Mkileta kopo na beseni, mmoja apewe kazi ya kupiga deki.

Na wekeni kwa maandishi tarehe ambazo kanisa litahitaji ukumbi wake. Ijumaa Kuu inakuja kila mwaka, na kila mwaka ni Ijumaa. Siku hiyo tafuteni pengine.

Jambo la mwisho: ukumbi huo haugeuki msikiti. Hakuna tahiyyatul masjid (swala ya kuamkia msikiti), hakuna itikafu (kukaa msikitini kwa ibada), na dada aliye katika hedhi anaweza kuingia kusikiliza hotuba.

SWALI: Shule inampeleka mwanangu wa kidato cha 3 kanisa la Mkunazini, mjini Zanzibar. Mwalimu anasema ni historia. Nimruhusu? (Baba, Pemba)

JIBU: Ni historia, na ni yetu. Pale palikuwa soko la watumwa hadi Juni 1873, Sultani Barghash alipotia saini mkataba wa kulifunga. Jiwe la msingi la kanisa la Kianglikana liliwekwa Krismasi ya mwaka huo huo, na ujenzi ukasimamiwa na Edward Steere, aliyekuja kuwa askofu, ambaye kazi yake ya kamusi na tafsiri za Kiunguja kila mwanafunzi wa Kiswahili anapaswa kuijua. Mbele ya altare kuna duara la marumaru sakafuni linaloonyesha mahali panaposemwa ulikuwepo mti wa kuchapia watumwa. Msalaba mdogo umetengenezwa kwa mti wa Chitambo, huko Zambia ya leo, ulikozikwa moyo wa mpelelezi Livingstone. Uani, ndani ya shimo, kuna sanamu za watumwa za mwaka 1998, zenye minyororo halisi shingoni.

Kuna vioo na michoro yenye sura za watu ndani, kwa hiyo mzazi anayeshika kauli ya Kishafi ana haki ya kumwomba mwalimu mtoto aone uani, vyumba vya chini na maonyesho, abaki nje wenzake wakiingia ukumbi wa ibada. Mwandikie mwalimu barua kabla, mtoto asiachiwe kujieleza mlangoni. Ziara isiwe Jumapili asubuhi. Lakini kumzuia asiende kabisa ni kumnyima kujua yaliyowapata watu wa bara na visiwa, Waislamu wakiwemo kwenye pande zote mbili za mnyororo. Sisi tungempeleka.

SWALI: Ni kweli Sayyidna Umar alikataa kuswali ndani ya kanisa la Jerusalem? (Msomaji, Bujumbura)

JIBU: Ndivyo inavyosimuliwa. Habari yenyewe imeandikwa na Mkristo, Said bin Batriq, Patriaki (askofu mkuu) wa Iskandaria, karibu miaka 300 baada ya mji kuingia mikononi mwa Waislamu mnamo 637 au 638. Anasema wakati wa swala ulifika Umar akiwa ndani ya Kanisa la Ufufuko na Patriaki Sophronius wa Jerusalem, akaambiwa aswali hapo, akatoka akaswali ngazini nje. Sababu aliyoitoa ni kwamba Waislamu wa baadaye wangelichukua kanisa wakisema, "Umar aliswali hapa." Kwa hiyo habari hii haifai kutolewa ushahidi kwamba swala kanisani ni batili, kama wengine wafanyavyo mimbarini. Inahusu amana ya mali ya watu. Msikiti wa Umar unaoonekana leo karibu na kanisa hilo ulijengwa 1193.

SWALI: Kwenye mazishi ya jirani padri alinyunyiza maji ya baraka, yakaniangukia kwenye kanzu. Nimeifua mara 7. Imetwaharika? (Mzee, Bagamoyo)

JIBU: Shikamoo mzee. Haikuwa najisi tangu mwanzo, hata mara 1 haikuhitajika. Mara 7 ni za mbwa na nguruwe. Maji ya baraka ni maji, wakati mwingine yametiwa chumvi, na maneno aliyoyasoma mtu juu ya maji hayayanajisi. Mashafi wanasema hata kuyatumia kwa udhu inategemea chumvi tu: ya bahari haiyadhuru, ya mawe ikiyabadilisha sana huyaondolea kutwaharisha, ingawa yanabaki twahara. Kanzu yako vaa, uswalie.